Jogoo Road: barabara ya kwenda kazini, mitaa ya kulipa kodi

UZI. Ni mrefu kidogo, kwa hivyo kaa vizuri, nunua njugu.

1. Wiki hii mjadala umerudi pale pale. Mtu ameandika kwamba wakaazi wa mitaa ya zamani ya Eastlands wamelipa kodi ya bei ya chini miaka na miaka, sasa wapishe maendeleo. Mwingine akamjibu kwamba ile ni mitaa ya wazee wao na hakuna mtu atatoka. Laiki zimejaa kila upande. Mimi nasoma sayansi ya siasa, na naona kila upande umeruka swali lenyewe. Kwa hivyo leo tutembee Jogoo Road, kuanzia raundabauti ya City Stadium mpaka Outer Ring, historia mkononi.

2. Sheria za huu uzi ni zile zile: hatutaji mwanasiasa, hatutaji chama. Ukitaja kwa maoni nitakublock, na tutabaki marafiki. Pia niseme ukweli mapema: mimi si refa hapa. Shosho yangu anaishi katika nyumba ya kanjo kwenye mmoja wa hii mitaa. Aliingia 1974 akiwa bibi arusi. Risiti za kodi anaziweka kwa mkebe wa biskuti, zimefungwa na mpira kwa mafungu ya mwaka mmoja mmoja. Kwa hivyo nina upande. Lakini facts ni facts, nitaziweka mezani, wewe utaamua.

3. Hoja yangu kwa sentensi moja, ndio usiseme nilikuzungusha: mitaa ya Jogoo Road ilijengwa kwa mtu ambaye mji ulimhitaji kazini lakini haukumtaka awe mwenyeji. Alipewa mahali pa kulala, si mahali pa kumiliki. Uhuru ulikuja, majina yakabadilika, lakini lile swali la umiliki kwa nyumba nyingi halikujibiwa. Kila ugomvi tunaouona leo, wa nyumba, wa barabara, wa wachuuzi, wa kufurushwa, unatoka hapo.

4. Tuanze na reli. Reli ilifika Nairobi 1899, na mji ukaota kuizunguka. Magharibi kuna miinuko, udongo mwekundu, hewa baridi. Mashariki ni tambarare, udongo mweusi wa mfinyanzi, ule unaovimba mvua ikinyesha na kupasuka jua likiwaka. Ukishangaa kwa nini lami ya Eastlands hubonyea haraka, anza na huo udongo. Mwaka wa 1913 mtaalamu wa afya kwa jina Simpson aliletwa na serikali ya kikoloni, akapendekeza mji ugawanywe kwa rangi ya watu. Hoja ilikuwa ugonjwa. Matokeo yakawa ramani: Wazungu miinukoni, Wahindi katikati na kaskazini, Waafrika mashariki, karibu na reli na viwanda.

5. Na Mwafrika hakuwa anakuja mjini tu hivi hivi. Baada ya Vita vya Kwanza vya Dunia mwanamume alilazimika kutembea na kipande, kile kilichoandikwa anafanya kazi kwa nani na ametoka wapi. Bila kazi, mjini ulikuwa mzururaji, na mzururaji alirudishwa kwao. Mwanzo wa miaka ya 1920 Pumwani ikatengwa kama mahali rasmi pa Waafrika kuishi. Angalia hiyo lugha: mahali rasmi. Yaani kwingine kote ulikuwa unapita njia.

6. Sasa sikiza hii ya Pangani, kwa sababu bila hii huwezi kuelewa Jogoo Road. Pangani ya zamani ilikuwa kijiji cha Waafrika ndani ya Nairobi. Watu walijijengea nyumba, wakapangisha vyumba, na wanawake wengi walikuwa wenye nyumba. Mwishoni mwa miaka ya 1930 kijiji kikabomolewa. Wakaambiwa kuna nyumba mpya upande wa mashariki. Mtaa huo ni Shauri Moyo. Nyumba zilijengwa na halmashauri na zikabaki za halmashauri. Mtu alitoka Pangani akiwa na nyumba aliyoijenga kwa mkono wake, akaingia Shauri Moyo akiwa mkaaji kwenye nyumba ya mwingine. Jina lenyewe linabeba ujumbe: ni shauri la moyo wako, utake usitake.

7. Weka hiyo kando kidogo, tuje kwa nyumba za reli. Muthurwa na Makongeni zilikuwa nyumba za wafanyakazi wa reli. Ulipoandikwa kazi ulipewa chumba, na kazi ikiisha chumba kinaisha. Nyumba ilikuwa kama sare ya kazi, unairudisha ukitoka. Kwa mwajiri ilikuwa mpango mzuri: mfanyakazi yuko karibu, anaweza kuitwa usiku, na akigoma anakumbuka kwamba watoto wake wanalala kwa nyumba ya bosi.

8. Na ni watoto gani hao? Kwa muda mrefu mishahara ya mjini ilihesabiwa kama ya mwanamume asiye na familia. Bibi na watoto walitarajiwa kubaki mashambani na kujilisha. Ndiyo maana nyumba nyingi za zamani Eastlands ni chumba kimoja, na choo na bafu ni vya kushirikiana. Walihesabu vitanda, hawakuhesabu familia. Kamati ya Carpenter ilitoa ripoti kuhusu mishahara ya Waafrika 1954, ikapendekeza kiwango cha chini kizingatie mahitaji ya familia. 1954! Wakati huo kuta zilikuwa tayari zimesimama. Ukiingia kwa Shosho na ukaona pazia limegawanya chumba mara mbili, usiseme watu wa Eastlands wanapenda kubanana. Hiyo ni hesabu ya mtu mwingine.

9. Kaloleni ilikuja miaka ya 1940, na kusema kweli ilikuwa hatua mbele. Nyumba za mawe, vigae, uwanja wa nyasi katikati, miti, ukumbi wa jamii. Halafu 1948 ikatolewa ile ramani kuu ya Nairobi iliyochorwa na wataalamu kutoka Afrika Kusini. Ilitaka mji wa mitaa inayojitegemea, kila mtaa na shule yake, maduka yake na uwanja wake. Ukitembea Eastlands leo utaona alama za huo mpango: mitaa imejikunja ndani, na barabara kubwa inapita nje. Kwa watoto ni salama. Kwa askari pia ni rahisi, mtaa wenye milango michache unafungwa haraka. Tutafika hapo.

10. Lakini watu hawakukaa kimya wakingoja kupangwa. Ukumbi wa Kaloleni ulikuwa moto hadi wenyewe wakauita House of Commons. Aprili 1950, katika mkutano wa Kaloleni, kiongozi mmoja wa vyama vya wafanyakazi alisimama na kudai uhuru kamili, wakati ambao hata kulitaja hilo neno kulikuwa hatari. Mwezi uliofuata viongozi wakakamatwa, na Nairobi ikaingia mgomo mkubwa. Kumbuka ni mwaka ule ule Nairobi ilipewa hadhi ya jiji, na vyama vya wafanyakazi vikasusia sherehe. Jiji la nani? Hilo ndilo walikuwa wanauliza.

11. Miaka miwili baadaye ikatangazwa Hali ya Hatari. Tarehe 24 Aprili 1954 wanajeshi na polisi waliuzingira mji katika ile Operesheni Anvil. Mtaa kwa mtaa watu walitolewa, wakachujwa, na maelfu kwa maelfu wakapelekwa kizuizini, wengi wao Wakikuyu, Waembu na Wameru. Uliamka na kitanda Bahati, jioni uko ndani ya lori. Ona jinsi umiliki unavyofanya kazi hapa: mtu anayelala kwa ruhusa anaweza kuondolewa kwa amri. Katika miaka hiyo hiyo mitaa mipya ilizidi kujengwa, na majina ya Ofafa na Mbotela tunayoyataja kila siku kwenye steji ni ya watu waliouawa Nairobi wakati huo. Tunashuka hapo kila jioni bila kufikiri.

12. Na barabara yenyewe? Kabla ya kuitwa Jogoo Road iliitwa Doonholm Road, kwa sababu ilielekea shamba la mlowezi lililokuwa na hilo jina. Shamba limekwisha, lakini jina lipo mpaka leo: ukifika Outer Ring unaona Donholm. Baada ya uhuru barabara ikaitwa Jogoo Road. Kwa nini jogoo na si bata? Wazee wanajua, na mimi nilisema hatutaji vyama. Tuendelee.

13. Sasa tazama kazi ya hii barabara. Asubuhi inajaa kuelekea mjini, jioni inajaa kuelekea mitaani. Ni kama pumzi, unavuta na unatoa. Barabara ya mji wa kawaida huunganisha pande nyingi. Jogoo Road ilikuwa na amri moja: mlete mfanyakazi, mrudishe mfanyakazi. Ndiyo maana mpaka leo kuenda kutoka mtaa mmoja wa Eastlands hadi mwingine wakati fulani inabidi uingie kati kwanza, ubadilishe gari, ndio utoke tena. Wengine wengi hata hawapandi. Wanatembea kwa miguu alfajiri hadi Industrial Area, kwa sababu nauli ya mwezi mzima ni chakula cha wiki.

14. Usafiri nao una historia. Kampuni ya mabasi ilianza Nairobi 1934. Matatu zilianza kama magari ya wizi wa njia, zikifukuzwa na askari, hadi 1973 amri ya rais ilipozikubali zibebe abiria bila ile leseni ya mabasi. Mtu wa Eastlands alijitengenezea usafiri kabla serikali haijamtengenezea. Leo ukipanda 58 ya Buruburu, muziki umepanda, donda ananing'inia mlangoni, jua kwamba unapanda jibu la wananchi kwa swali ambalo mpango wa mji uliliacha wazi. Ni jibu lenye fujo, nakubali. Lakini asubuhi saa kumi na moja na nusu ndilo jibu lililopo.

15. Uhuru ulipokuja, watu wakaacha kuulizwa kipande na mji ukafunguka. Sensa ya 1969 ilihesabu Nairobi watu 509,286. Sensa ya 2019 ilihesabu 4,397,073. Zidisha mara nane na zaidi! Na ile Shauri Moyo, ile Kaloleni, ile Bahati na Maringo, nyumba zikabaki karibu zile zile. Watoto wakazaliwa, wakaoa, wakakosa pa kwenda, wakaongeza kibanda cha mabati mbele ya mlango. Mtu akipita na gari anaona uchafu wa mabati. Mimi naona wajukuu.

16. Sasa hapa ndio kuna utamu wa hii story. Ukitoka Jericho mwendo wa dakika chache tu, unaingia Buruburu. Buruburu ilijengwa kwa awamu miaka ya 1970 na mwanzo wa 1980, kwa pesa ambazo sehemu yake ilitoka kwa shirika la maendeleo la Jumuiya ya Madola la Uingereza. Nyumba ziliuzwa kwa mkopo. Ulilipa kila mwezi, na mwisho wa malipo nyumba ni yako. Ilikuwa ya watu wa mshahara wa kati: walimu, makarani, watu wa benki. Msee wa kawaida wa Makongeni hakufikia. Lakini kanuni ilikuwa tofauti kabisa na ya jirani zake.

17. Angalia matokeo, barabara moja, mitaa miwili. Mwenye Buruburu alilipa miaka yake akamaliza. Akaongeza ghorofa, akafungua duka mbele, akasomesha watoto kwa dhamana ya hati, na akifa anaacha kitu. Mwenye Jericho alilipa miaka ile ile, pengine zaidi, na leo ana risiti. Huyu wa pili hakuwa mvivu. Hakunywa pesa zake. Alilipa kodi, mwingine akalipa mkopo, basi. Tofauti ya familia mbili, vizazi viwili baadaye, imetoka kwa aina ya karatasi iliyoko kwenye mkebe.

18. Siku moja nilimuuliza Shosho kama anajiona mwenye ile nyumba. Akacheka. Akaniambia, "Mjukuu wangu, hii ni kiti cha matatu. Nimelipa nauli miaka yote hii, na konda akisema shuka, nitashuka." Nikamwambia siku hizi kuna sheria. Akasema, "Sawa, basi sheria iniambie nashukia wapi." Tangu siku hiyo nimekuwa nikisoma kesi za ardhi badala ya vitabu vya mtihani.

19. Na sheria ipo kweli. Turudi Muthurwa. Ardhi ya zile nyumba za reli ilipelekwa kwa mfuko wa pensheni wa wafanyakazi wa reli, ili iuzwe au iendelezwe, wastaafu walipwe. Hilo peke yake si jambo baya, wastaafu wanastahili pesa zao. Lakini 2010 wakaazi, na baadhi yao walikuwa hao hao wastaafu na familia zao, walitakiwa kuondoka, na ubomoaji ukaanza watu wakiwa ndani. Wakaenda mahakamani. Katiba mpya ilikuwa ndiyo imeanza, na kifungu cha 43 kinasema kila mtu ana haki ya makao yanayofaa.

20. Uamuzi wa Mahakama Kuu ulitoka 2013, na wengi wanaotaja hiyo kesi hawajausoma. Mahakama haikusema mpangaji amekuwa mmiliki. Ilisema haki za wakaazi zilivunjwa kwa jinsi walivyokuwa wakiondolewa, na pande zote zikae zipange namna ya kuondoka inayoheshimu utu wa mtu. Ikailaumu serikali kwa kukosa sheria ya kufurusha watu. 2016 Bunge likarekebisha Sheria ya Ardhi: sasa lazima kuwe na ilani ya maandishi ya miezi mitatu kabla ya kuwaondoa watu. Kwa hivyo mtu akikuambia wakaazi hawana haki yoyote, amekosea. Na mwingine akikuambia mahakama iliwapa nyumba, pia amekosea.

21. Kuna swali lingine huulizwa kila msimu wa kura: mbona gavana au diwani hakurekebisha hii barabara? Soma Jedwali la Nne la Katiba. Barabara kuu ni za serikali ya kitaifa, barabara za kaunti ni za kaunti. Tangu sheria ya barabara ya 2007 kuna mamlaka ya kitaifa ya barabara za mijini, KURA. Lakini taa za barabarani, maegesho, masoko na wachuuzi vyote ni kazi za kaunti. Kwa hivyo kwenye barabara moja lami ina mwenyewe mmoja na mama mboga wa kando ana mwenyewe mwingine. Na ukikumbuka kwamba 1983 baraza la jiji lilivunjwa, na kwa karibu miaka kumi jiji likaongozwa na tume ya kuteuliwa, utaelewa kwa nini watu wa hapa walizoea kulalamika bila kujua wanamlalamikia nani.

22. Mtu atasema, lakini barabara zinajengwa, si tuna Nairobi Expressway? Tunayo. Kilomita 27, ilifunguliwa 2022, unalipa kupita. Haipiti Jogoo Road, na hilo si kosa, ilijengwa kwa kazi yake. Lakini inatufundisha kitu: barabara inaweza kuwa ya kisasa kabisa na bado isibadilishe asubuhi ya mtu anayetembea kutoka Maringo. Ukiahidiwa barabara pana, uliza ni pana kwa nani. Kuna njia ya miguu? Kuna pa kuvukia pasipo kukimbia? Wachuuzi wa pale steji wanaenda wapi? Upana wa lami peke yake si jibu.

23. Sasa tuje kwa moto wa leo: nyumba za bei nafuu. Mwajiriwa anakatwa asilimia 1.5 ya mshahara, na mwajiri anaongeza asilimia 1.5. Ushuru huu uliingia na Sheria ya Fedha ya 2023, Mahakama Kuu ikaamua mwaka huo huo kwamba unakiuka Katiba, na Machi 2024 ukarudi kwa sheria yake yenyewe. Sehemu ya hizo nyumba inajengwa au inapangwa kwenye hii mitaa ya zamani. Hapo ndipo mnapopigania kwa maoni. Wacha niweke hoja za pande zote mbili kwa heshima, halafu mnirukie.

24. Wanaotaka ujenzi wana hoja nzito. Ardhi ya jiji haiongezeki. Nyumba ya chini, ya chumba kimoja, dakika chache kutoka katikati ya mji, katika jiji la watu milioni nne na zaidi, ni matumizi mabaya ya ardhi ya umma. Mabomba ni ya enzi nyingine. Kodi ya chini inamsaidia aliyeko ndani na kumfungia nje kijana anayelipa mara kadhaa zaidi Kayole au Pipeline. Na tuseme ukweli, si kila anayeishi humo ni mpangaji wa kwanza. Wengine wamepangishwa na mtu ambaye jina lake liko kwa kitabu lakini yeye mwenyewe alihama zamani.

25. Wanaopinga nao wana hoja nzito. Pangani waliambiwa wapishe, wakapoteza umiliki. Wafanyakazi wa reli waliambiwa wapishe, wakapigana kortini. Kwa hivyo mtu akiambiwa kwa mara ya tatu "utarudi nyumba ikiisha", hakatai ghorofa, anauliza hiyo ahadi imeandikwa wapi. Pia nyumba ya mkopo ina malipo ya kila mwezi. Mama wa miaka sabini na tano anayeuza sukuma hawezi kuanza mkopo wa miaka ishirini na tano. Ukimpa nafasi ya kununua ambayo hawezi kuitumia, umemfurusha kwa adabu tu.

26. Kwa hivyo tukiacha kelele, haya ndiyo maswali ya kumuuliza yeyote anayekuja na kipaza sauti Jogoo Road, awe wa upande wowote:

Moja, ardhi itabaki ya umma au itapewa mjenzi binafsi, na kwa masharti gani?

Mbili, orodha ya wakaazi itatengenezwa na nani, na itabandikwa wapi ili majirani waikague kabla ya tingatinga?

Tatu, miaka ambayo mtu amelipa kodi itahesabiwa? Ikiwa ndiyo, itapunguza bei kwa kiasi gani?

Nne, wakati wa ujenzi watu wanaishi wapi, na nani analipa?

Tano, wazee wasioweza mkopo, kuna nyumba za kupanga kwa kodi wanayoiweza ndani ya mradi huo huo?

Sita, haya yote yamewekwa kwa mkataba ambao mtu anaweza kwenda nao kortini, ama ni maneno ya mkutano?

27. Swali la tatu ndilo langu, na najua wengi hamtakubaliana nami. Nafikiri miaka ya kodi ihesabiwe. Si kwamba kila mpangaji wa dunia hii ni mmiliki, hapana. Ni kwa sababu hawa hawakuwa wapangaji wa soko. Waliwekwa hapo na serikali iliyowakataza kumiliki, kisha ikaja serikali nyingine ikapokea kodi ile ile kwa mlango ule ule. Jirani yao wa Buruburu alipewa njia ya kumaliza. Wao hawakupewa. Kurekebisha hilo si msaada, ni kufunga hesabu.

28. Ukipinga, pinga kwa hoja, nitajibu. Na kama shosho wako ama guka wako, dani ama kwaru, aliishi Kaloleni, Muthurwa, Makongeni, Bahati, Jericho, popote kwa hii barabara, nenda umuulize vitu viwili: aliingia mwaka gani, na ana karatasi gani. Zipige picha hizo karatasi uhifadhi, uzifiche jina kama utaziweka hapa. Shosho alinipa mkebe wake Jumapili nikamaliza kupiga picha za 1974 hadi 1989. Amenipigia simu leo asubuhi kuuliza kama nimeziweka vizuri, kwa sababu amesikia watu wenye ramani wameonekana mtaani tena.

Mwisho wa uzi. Wiki ijayo: nani hasa ana mamlaka juu ya mchuuzi wa kando ya barabara, na kwa nini kila uongozi mpya huanza kwa kumfukuza na kumaliza kwa kumwomba kura.